Shafti mpya ya IST iliyogoma kuingia, na duka la Gerezani lililonisaidia

Nasambaza mayai kutoka Kibaha hadi maduka ya Tabata na Segerea kwa Toyota IST ya mwaka 2004. Mwezi uliopita gari lilianza kulia tak-tak-tak kila nikikata kona, upande wa abiria. Mpira wa CV, ule unaofunika kiungio cha shafti na kuzuia grisi isitoke, ulikuwa umepasuka, grisi imetapakaa hadi ndani ya rimu. Nikaenda kwenye maduka ya spea ya Gerezani, Dar es Salaam, nikanunua shafti nzima mpya, kile chuma kinachopeleka nguvu ya giaboksi kwenye tairi, kwa Sh 145,000. Ya mtumba ningeipata kwa bei nafuu, lakini mipira yake inakuwa imeshazeeka na sikutaka kurudia kazi baada ya miezi mitatu.

Fundi wa mtaani alifungua vizuri: nati ya habu, pale katikati ya tairi, kwa soketi namba 30, akaachia boljointi inayoshika mguu wa tairi kwa chini, akachomoa shafti ya zamani. Mpya ikagoma. Iliingia kwenye giaboksi ikasimama, ikabaki nje kama upana wa kidole. Akasukuma, akazungusha, akasukuma tena. Kisha akaivuta kwa kushika chuma cha katikati, akaona inacheza kidogo, akasema, "Dada, imekaa hiyo, ndivyo zilivyo." Haikuwa imekaa. Kile kikombe cha chuma cha ndani, upande wa giaboksi, kina nafasi ambamo shafti huingia na kutoka, kwa hiyo ukivuta chuma cha katikati unadanganyika, na ukivuta sana unaweza kuichomoa kutoka ndani ya kikombe chake. Unatakiwa ushike kikombe chenyewe. Nilipokishika mimi, kilitoka kwa mkono mmoja. Fundi akainua nyundo agonge mwisho wenye nyuzi za nati. Hapo nilimzuia. Nyuzi zile zikifumuka, nati haiingii tena, na duka halirudishi hela.

Nikapanda bodaboda na shafti zote mbili, ya zamani na mpya, nikarudi dukani.

Kilichonifanya niandike haya ni yale aliyoyafanya mzee mwenye duka. Hakubishana wala hakuniuliza risiti. Alitandika boksi chini, akazilaza sambamba, akapima urefu kwa kamba, akahesabu meno ya pande zote mbili. Vyote sawa. Kisha akashika pete ndogo ya chuma iliyo kwenye ncha ya ndani, ile iliyokatwa sehemu moja, mafundi wanaiita klipu. Ndiyo inayoishikilia shafti isitoke kwenye giaboksi. Ili ipite lazima ibanwe hadi izame kwenye mfereji wake, kisha ifunguke ikishavuka. Akaibana ile ya zamani kwa kidole gumba, ikazama yote. Ile mpya ilikuwa nene zaidi. Hata ikibanwa ilibaki imetokeza, ukucha unakwama. "Mama, hata ungegonga mpaka kesho," akasema. Akachagua nyingine kwenye kopo, akaijaribu, akanipa bure. Akaniuzia na sili mpya ya giaboksi, ile pete ya mpira inayozuia oili isivuje, Sh 8,000, maana kusukuma kule kulikuwa kumeikwaruza ya zamani mdomo.

Akanielekeza pia namna ya kuingiza: klipu ipakwe grisi, ule mwanya wake utazame chini, shafti ishikwe imenyooka bila kulalia sili, kisha isukumwe kwa mkupuo mmoja. Tulifanya hivyo jioni ileile. Mara ya kwanza haikuingia. Fundi akaizungusha kidogo meno yashikane, akasukuma tena. Ikasikika tak moja, nzito, nami nikaisikia hadi kwenye viganja maana nilikuwa nimeshika upande wa habu. Nikavuta kikombe kwa nguvu zangu zote, hakikutoka. Oili iliyomwagika tukairudishia kwa T-IV, oili ya giaboksi ya otomatiki, tukapima kiwango chake injini ikiwa inaunguruma na imeshapata moto.

Nina lawama mbili. Siku ya kwanza kijana wa kaunta alinipa boksi lililofungwa kwa gundi, hakulifungua kulinganisha chochote. Halafu shafti ilikuja bila nati mpya, na ile ya zamani ilikuwa imegongwa kibonyeo, si ya kurudia. Nikaongeza tena pesa. Kwa gari linalobeba mzigo kila siku, nati ni sehemu ya kazi na inapaswa kuwemo ndani ya boksi.

Shafti yenyewe naisifu. Wiki ya tano sasa, kona za Segerea napita kimya na trei arobaini nyuma, na asubuhi chini ya gari pakavu. Shafti naipa nne kwa tano, mzee wa duka tano kamili. Mpira wa upande wa dereva nao umeanza kuchanika. Mwisho wa mwezi narudi kwake, na safari hii boksi tunalifungua na klipu tunaibana kabla sijatoa hela.