Gemu za Riwaya ya Picha kwa Watu Wazima: Ipi Inunuliwe Kwanza?

Mtu mzima wa Mtwara, Masasi au Nachingwea anayetaka kununua gemu ya riwaya ya picha (visual novel), yaani hadithi inayosomwa kwenye skrini pamoja na picha, mchezaji mara nyingi akichagua majibu, atazame kwanza hadithi, kisha uhuishaji, kwa sababu kazi kubwa ya mchezaji hapa ni kusoma, na picha zinazosogea vizuri juu ya maandishi dhaifu huchosha upesi.

Nafasi ya kwanza ninaipa The House in Fata Morgana, iliyotoka Japani mwaka 2012 na kupata tafsiri ya Kiingereza mwaka 2016. Picha zake karibu zote zimetulia, lakini sijaona hadithi iliyojengwa kwa subira kuishinda. Roho isiyojikumbuka huongozwa na mtumishi wa kike katika jumba kuukuu, mlango wa kwanza ukifungukia mwaka 1603, wa pili 1707, na kila kisa kipya hugeuza maana ya kile ulichodhani umekielewa. Ina ukatili na huzuni nyingi, watoto wasiiguse.

Ya pili ni VA-11 Hall-A, kazi ya vijana wa Venezuela ya mwaka 2016. Mchezaji ni mhudumu wa baa, na badala ya kuchagua majibu, kinywaji anachochanganya ndicho kinachoweza kubadilisha mazungumzo. Uhuishaji wake ni mdogo, nao unatosha. Coffee Talk ya Indonesia, ya mwaka 2020, inafuata njia hiyohiyo kwa kahawa, ila ni nyepesi zaidi. Ninaiweka ya tatu.

Anayependa uhuishaji atavutwa na Steins;Gate Elite, iliyotumia picha za katuni ya televisheni ya mwaka 2011. Macho hufurahi kweli, lakini masimulizi ya ndani ya mhusika mkuu yamepunguzwa, na hayo ndiyo yaliyoipa hadithi uzito. Kwa hiyo ninaiweka ya nne, na ninashauri toleo la awali la mwaka 2009, ingawa picha zake hazisogei.

Zote zinapatikana Steam, duka la mtandaoni la gemu za kompyuta, kwa Kiingereza na si kwa Kiswahili, na hulipiwa kwa kadi, ikiwemo kadi pepe. Angalia ukubwa wa faili kabla ya kutumia bando. Unaweza kuomba kurudishiwa fedha ndani ya siku 14, mradi hujacheza zaidi ya saa 2. Kwa Fata Morgana, inayoanza polepole, saa hizo zinatosha kupima lugha na michoro, si hadithi yenyewe.