Rivyu: kitabu cha Katiba cha buku nne, nilikinunua Mwanga Kigoma nikiwa na hasira zangu

Najua humu watu wanarivyu simu na mafriji na hoteli za pale ziwani, mimi leo narivyu kitabu. Katiba ya Jamhuri ya Muungano wa Tanzania ya mwaka 1977, ile ndogo ya kuingia kwenye mkoba, nimeinunua kwa jamaa anayepanga vitabu chini kwenye turubai ukiwa unashuka kutoka Mwanga kuelekea stesheni ya treni. Kaanzia elfu sita nikamwambia kaka kwa karatasi hii hapana, tumebishana mpaka buku nne na akanipa na kalamu.

Mimi ni fundi cherehani, niseme mapema ili msije mkategemea mambo ya kisomi.

Tuanze na kitabu chenyewe kama bidhaa. Karatasi ni laini sana, wino unashika kidole, nimesoma nikiwa nakula mgebuka wa kukaanga na sasa ukurasa wa mbele una alama ya dole gumba mpaka kiama. Herufi ndogo kama dagaa, mtu wa umri wangu bila miwani unaishia jalada. Pini mbili za katikati zimeshika vizuri, hapo nampa mtu haki yake. Ila kuna karatasi moja imeingia kichwa chini, nitarudi kwenye hilo.

Kwa nini nilinunua. Ninaye binti ananisaidia kazi, ni Muha wa Kakonko, mpole mpaka inakera. Siku hiyo nilimtuma mjini akanunue zipu na bitana na uzi, na kama fundi yeyote anavyofanya nikampa kipande cha kitenge cha mteja, kama robo mita hivi, akalinganishe rangi ya uzi, maana ukichagua uzi kwa kukumbuka utajuta. Kaingia duka moja kubwa la vitambaa, silitaji. Wakati anatoka mlinzi kaona kitenge kinachungulia kwenye mkoba. Hiki umekitoa wapi. Binti akijieleza anaanza kugugumia, Kiswahili chake kina lafudhi ya kule kwao, na anayejua anajua Kiha na Kirundi vinasikilizana kabisa. Mlinzi kamkata maneno, "hawa Warundi ndo zao". Kamsimamisha pale pale mlangoni watu wakipita, kamvua kilemba akakikung'uta, viatu vua, kisha mwanaume mzima akampapasa kiunoni na kumwambia kunja gauni tuone. Wateja kwenye foleni ya keshia wanaangalia, mmoja alikuwa anacheka, nimeambiwa.

Nilipigiwa simu na mama muuza maandazi wa jirani na pale, nikapanda boda nikiwa na futi shingoni. Nafika binti anatetemeka, kilemba kakishika mkononi. Kile kipande ukikitazama sekunde moja unaona kimekatwa kwa mkasi wa zigizaga, ule wangu, dukani kwao wanachana kwa mkono. Nikawasha moto. Na neno la kwanza kunitoka mdomoni, nalikumbuka vizuri kwa sababu ndo limenileta hapa, nilisema "HUYU SIO MRUNDI, HUYU NI MTANZANIA, NI RAIA KAMA WEWE!"

Meneja kaja, kaangalia kitenge, kasema basi yaishe mama, mpeni binti soda. Binti hakuinywa. Tumeondoka.

Nikakaa wiki nzima sina raha, nikasema lazima nipate maandishi nimpelekee yule meneja, nimwonyeshe raia wa nchi hii hashikwishikwi hivyo. Ndo nikanunua hiki kitabu. Nikaanza kutafuta neno raia.

Sasa sikilizeni. Nimefika Ibara ya 12, ndo inafungua ile sehemu ya haki. Kifungu cha kwanza kinasema binadamu wote huzaliwa huru na wote ni sawa. Cha pili, naandika neno kwa neno: "Kila mtu anastahili heshima ya kutambuliwa na kuthaminiwa utu wake." Nikasoma tena. Raia hayupo. Nikasema labda wamesahau, nikaenda mbele. Ibara ya 14 kuishi, kila mtu. Ya 16 kuheshimiwa nafsi yako na maisha yako binafsi, kila mtu. Nafika ya 17, kwenda kokote na kuishi popote ndani ya nchi, hapo sasa ndo unamkuta "kila raia". Ya 21 mambo ya kushiriki utawala, raia tena. Kwa hiyo hawakusahau, wanajua kutofautisha, wanapotaka kusema raia wanasema raia. Kwenye utu wameandika mtu.

Nilifunga kitabu nikaenda kukaa nje. Maana mimi pale dukani nilimtetea binti kwa kumwambia mlinzi kakosea mtu. Yaani angekuwa Mrundi kweli je? Angekuwa mmoja wa wale waliotoka kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu, au mama wa Kikongo kavuka ziwa na vitenge vyake, ndo ingekuwa sawa akunje gauni mlangoni? Sikusema hivyo kwa mdomo lakini ndo nilichokisema. Na mimi nimezaliwa Ujiji jamani, mji ambao misafara ya watumwa ilikuwa inapita kwenda Tabora mpaka Bagamoyo, watu wanavushwa kutoka ng'ambo ya ziwa wanahesabiwa pamoja na pembe za ndovu. Tulitakiwa sisi tuwe wa kwanza kujua.

Lakini hii ni rivyu, turudi.

Je kitabu kinafanya kazi? Hapo nimechimba kidogo kwa msaada wa mteja wangu mmoja mwanasheria, namshonea suti na ana deni langu kwa hiyo nilimuuliza bila aibu. Nilimwonyesha Ibara ya 9, maana ile nayo imetaja utu, tena inasema serikali ihakikishe "utu na haki nyinginezo zote za binadamu" zinaheshimiwa, nikaona hii kali zaidi. Akacheka akaniambia dada, soma Ibara ya 7 kifungu cha pili. Nimesoma. Inasema mambo ya sehemu ile hakuna mahakama itakayoyaamua, yaani ni malengo, unayaangalia kama unavyoangalia katalogi ya harusi. Zinazoshika mahakamani ni za kuanzia 12. Muuzaji hakuniambia hilo, ila na yeye sidhani anajua.

Kingine alichoniambia kikanishangaza ni kwamba hizi haki hazikuwemo mwaka 77. Ziliingizwa kwa mabadiliko ya 1984, na mpaka Machi 1988 ndo ikawa unaweza kuzidai mahakamani. Mimi nimezaliwa 84, ina maana utu wangu kwenye maandishi ni rika langu, na miaka ya kwanza haukuwa na meno, kama mimi tu. Yupo mzee mmoja huwa anakaa kibarazani kwangu akapinga sana, anasema utu ulikuwepo zamani, Azimio la Arusha la 1967 lilianza na imani za TANU na mojawapo ni kwamba kila mtu anastahili heshima, walikariri shuleni. Wote wawili wako sahihi. Mzee anaongelea imani, mwanasheria anaongelea kesi, na mlinzi wa dukani hajasoma kokote.

Na sio sisi tu tuliochelewa kuandika. Ile Ibara ya 9 inataja Tangazo la Dunia kuhusu Haki za Binadamu, hilo ni la tarehe 10 Desemba 1948, dunia imetoka vitani imeona binadamu wanachomwa kama takataka, sentensi ya kwanza kabisa ya ibara ya kwanza inasema watu wote wamezaliwa huru, hadhi na haki zao ni sawa. Wajerumani wenyewe mwaka uliofuata wakaandika katiba yao wakaweka utu wa mtu Ibara ya 1, kabla ya kitu chochote. Fundi anaelewa hii. Gauni huanzi na vifungo, unaanza na kupima mwili, ukikosea kipimo hata shanga uweke za dhahabu halimkai mtu. Hata hapa kwetu ibara ya utu ni ya 12 na ya kuishi ni ya 14, mwanzo niliona wamekosea mpangilio, sasa naona sawa tu.

Kasoro sasa, na hii ndo inapunguza nyota. Ibara ya 30. Kwanza ndo ile karatasi iliyoingia kichwa chini, unaisoma umepindua kitabu kama mwehu. Pili yaliyomo. Inasema hizi haki zisitumike kuharibu haki za wengine, sawa, ila kifungu cha pili kinaruhusu sheria nyingine zibane haki kwa ajili ya maslahi ya umma na mengineyo. Mwanasheria akanipa mfano wa kesi ya Mbushuu. Ibara ya 13 inakataza adhabu za kinyama na za kumdhalilisha mtu, kwa hiyo mwaka 1994 Jaji Mwalusanya wa Mahakama Kuu akasema kunyonga kunadhalilisha, basi kunapingana na Katiba. Mwaka 1995 Mahakama ya Rufani ikasema ndio kweli kunadhalilisha, lakini Ibara ya 30 (2) inairuhusu sheria hiyo ibaki. Yaani unakubali kabisa nguo imembana mteja halafu unamwambia vaa hivyo hivyo, mtaa umeizoea. Mwaka 2019 Mahakama ya Afrika, ile iliyopo Arusha, nayo ikasema kwenye kesi dhidi ya Tanzania kwamba kunyonga mtu kunavunja utu wake. Sina degree lakini hicho kiraka cha 30 (2) kimeshonwa sehemu mbaya.

Ila ibara hiyo hiyo ya 30 kifungu cha tatu ni tamu. Inasema ukiona haki yako imevunjwa au inaelekea kuvunjwa "na mtu yeyote popote katika Jamhuri ya Muungano" unaweza kufungua shauri Mahakama Kuu. Mtu yeyote! Hawakuandika askari wala waziri. Mlinzi wa duka la vitambaa ni mtu yeyote, na mlango wa duka ni popote. Nikamwambia mwanasheria twende basi, Mahakama Kuu siku hizi tunayo hapa hapa Kigoma, zamani ilikuwa mpaka Tabora. Akanituliza. Kuna sheria ya 1994 ya namna ya kudai hizi haki, majaji watatu wanasikiliza, na kabla ya kufika huko uwe umemaliza njia nyingine, halafu toka 2020 wameongeza kwamba anayefungua aonyeshe yeye mwenyewe kaathirika vipi. Kwa hiyo mimi siwezi kumfungulia binti. Mpaka yeye mwenyewe. Akaongeza kwamba kama shida ni upekuzi tu, hata polisi wakimpekua mwanamke sheria ya mwenendo wa jinai inataka apekuliwe na mwanamke mwenzake tena kwa staha, sembuse mlinzi wa duka. Na kama hela ya wakili hakuna tutafute wasaidizi wa kisheria, wapo kwa sheria ya 2017 na hawatozi.

Nikamuuliza binti. Akafikiria siku mbili, akasema dada, mimi sitaki mahakama, nataka waniombe msamaha pale pale mlangoni, maana walinivulia pale pale. Tumeenda Jumamosi saa tano, muda ambao duka limejaa, mimi na kitabu changu cha buku nne nimeweka alama ya uzi mwekundu kwenye 12, kwenye 16 na kwenye 30. Meneja akatuita ofisini, karibuni mkae tuongee. Binti akasema hapana. Sijawahi kumsikia akisema hapana. Meneja akasoma ile Ibara ya 12 akiwa amesimama, akasogeza kitabu mbali na macho kwa sababu ya hizo herufi, akaniuliza nimekipata wapi. Kisha akamwita mlinzi. Msamaha ulitoka, mfupi, wa kunung'unika, mlinzi anaangalia viatu vyake, akaishia "nilijua Mrundi".

Na binti wangu mpole akamjibu kwa lafudhi ile ile, "hata Mrundi."

Kwa hiyo nyota nne. Ya tano imeondoka na 30 (2) na ile karatasi ya kichwa chini. Mkienda kununua pale njia ya stesheni msikubali elfu sita, na kabla hujatoa hela fungua sehemu ya mwisho ya haki uone imekaa sawa, maana jamaa akishakunja turubai habadilishi.