Filamu za Buster Keaton katika Diski: Tathmini
Mkusanyo huu wa filamu zisizo na sauti ambazo Buster Keaton, mchekeshaji na mwongozaji wa Marekani, alizitengeneza katika miaka ya 1920 unastahili kununuliwa na kila anayethamini sanaa ya uchekeshaji, kwa sababu picha zimesafishwa kwa uangalifu mkubwa, hata uso wake usiotabasamu, ambao katika nakala chakavu ulionekana kama doa jeupe, sasa unadhihirisha kila wasiwasi unaopita machoni.

Keaton alizaliwa Kansas, Marekani, mwaka 1895, na alipanda jukwaani pamoja na wazazi wake akiwa bado mtoto mdogo, akirushwa huku na huko mbele ya watazamaji. Huko ndiko alikojifunza kuanguka. Ustadi huo unafikia kilele katika Steamboat Bill, Jr. ya mwaka 1928, ambapo ukuta mzima wa mbele ya nyumba unamwangukia, naye anasalimika kwa kuwa amesimama hasa mahali ambapo dirisha lililo wazi linapita. Ukuta ulikuwa mzito kweli, na kosa dogo la kipimo lingeweza kumuua. Kila ninapoitazama sehemu hiyo, moyo hunidunda.

Muziki ulioambatanishwa una kishindo mno; ni afadhali kupunguza sauti.

Kasoro kubwa zaidi ni kijitabu, ambacho kinagusia kwa sentensi moja tu mkataba wa Keaton wa mwaka 1928 na kampuni ya filamu ya MGM, uliompokonya uhuru wa kutengeneza filamu apendavyo, na hakisemi lolote kuhusu Oscar ya heshima aliyotunukiwa mwaka 1960, miaka sita kabla ya kifo chake.