Malimbikizo baada ya kurudishwa kazini: huduma naipa nyota tatu

Bado naulizwa kama ni kweli sisi watumishi wa serikali wa Tanzania tulioishia darasa la saba tulilipwa hela zetu za miezi tuliyoondolewa kazini. Tulilipwa, angalau mimi na wenzangu ninaowajua. Ila watu husimulia agizo la serikali tu, hawasemi mambo yaliendaje ofisini, ndiyo maana naandika.

Kwa aliyesahau: waraka wa utumishi wa 2004 ulitaka anayeajiriwa serikalini awe na kidato cha nne. Uhakiki wa vyeti ulipopamba moto 2017, tukaondolewa kwenye orodha ya mishahara hata sisi tulioingia kazini kabla ya waraka huo. Mimi ni dereva, nimeajiriwa 1998. Gari za SM, yaani za serikali za mitaa, nimeziendesha tangu afisa utumishi aliyenikabidhi barua ya kuondoka akiwa bado anavaa kaptula ya shule. Mwaka 2018 serikali ikatamka kwamba walioajiriwa kabla ya 20 Mei 2004 warudi kazini na walipwe mishahara ya kipindi walichokaa nje. Waliopeleka vyeti vya kughushi hawakuhusika.

Kurudi kwenyewe hakukuwa na shida. Barua, sahihi, cheki namba (namba ya mtumishi kwenye mishahara) ile ile ikafufuliwa, nikakabidhiwa funguo. Kasheshe ilikuwa hela ya nyuma.

Halmashauri yetu siitaji. Dirishani walitaka barua ya ajira, barua ya kuthibitishwa kazini, ya kuondolewa, ya kurudishwa, na salari slipu za mwisho. Sasa barua zote hizo walinipa wao wenyewe, nakala zimo kwenye faili langu, faili liko masijala, na masijala ni mlango wa pili kutoka pale dirishani. Bado naambiwa, "Mzee wangu, lete nakala." Barua ya kuthibitishwa ndiyo iliyowakwamisha wengi. Ya miaka ya tisini, nani anayo? Mimi iliniokoa tabia ya mama watoto ya kuweka kila karatasi kwenye begi juu ya kabati, pamoja na kadi za kliniki za watoto ambao sasa wana watoto wao.

Nyota mbili kati ya hizo tatu ni za dada wa masijala. Mwenzangu mmoja, mhudumu wa zahanati, hakuwa na barua yake. Dada yule hakumwambia akatafute. Alishusha faili lililofungwa kamba, akafungua folio moja moja huku akilowesha kidole, akaikuta barua imegandana na ombi la likizo la zamani, akaibandua taratibu kwa rula. Halafu akaandika dokezo sabili, ile barua fupi ya ndani ya ofisi, mwenyewe na kulipeleka kwa afisa utumishi kwa mkono wake. Hakuomba hata soda.

Uhasibu ni habari nyingine. Jibu lao ni moja: "Yameshahakikiwa, yanasubiri fedha." Yanasubiri wapi, kwa nani, huambiwi. Hela ikaja kuingia mwezi ambao nilishaacha kuuliza, pamoja na mshahara wa kawaida, ikiwa mstari mmoja tu kwenye slipu, bila mchanganuo wa mwezi upi umelipwa shilingi ngapi. Nikachukua kalamu, nikazidisha mshahara kwa miezi, nikatoa kodi na mchango wa pensheni. Ikakubali. Hapo sina neno nao.

Neno langu ni kwenye riba. Nilipoondolewa nilikuwa na mkopo wa benki unaokatwa kwenye mshahara, kama watumishi wengi tu. Mshahara ulisimama, mkopo haukusimama, na siku malimbikizo yalipogusa akaunti benki ilijihudumia kwanza. Mimi nililipwa mshahara ule ule wa slipu ya mwisho, bila senti juu yake, na kosa halikuwa langu. Ada ya kitinda mimba nilikopa mtaani, kwa masharti ya mtaani mnayoyajua. Nikamuuliza mhasibu hayo nayajaza wapi. Akacheka, wala si kwa dharau. Fomu kweli haina sehemu yake. Nyota mbili nilizobana ni za hapo. Foleni naweza kuisamehe.

Kwa anayerudishwa kazini leo, iwe kwa rufaa Tume ya Utumishi wa Umma au kwa njia nyingine: ukishalipwa usiishie kwenye slipu. Miezi yangu ya nje ilikuwa ya LAPF, mfuko wa pensheni wa serikali za mitaa, kabla mifuko haijaunganishwa kuwa PSSSF, mfuko mmoja wa watumishi wa umma, mwaka 2018, na mwajiri alikuwa hajaipeleka michango yake. Chukua taarifa ya michango uangalie mwezi kwa mwezi, asilimia 5 ya mshahara yako na 15 ya mwajiri. Pensheni ya kila mwezi inadai miezi 180 ya kuchangia, na aliyeajiriwa ukubwani pengo dogo tu linaweza kumtoa nje. Ukikuta pengo, mwandikie mkurugenzi, nakala kwa mfuko, na usiondoke dirishani kabla nakala yako haijapigwa muhuri wa kupokelewa wenye tarehe.