Nyota 1 kwa wajaza fomu wa mtandaoni, nyota 5 kwa kliniki ya sheria ya bure (oda ya mtoto Ohio, mimi niko Texas)

Wazazi wenzangu mlioko Marekani, hasa mliohama jimbo baada ya talaka, someni hii. Mimi nimepoteza miezi mitano na dola 349 kwa kitu ambacho wakili wa kujitolea alinielewesha kwa dakika kumi.

Oda yangu ya kastodi, yaani amri ya korti ya nani akae na mtoto na lini, ilitoka Columbus, Ohio. Nikahamia Houston na mwanangu kikazi, korti ikijua, babake akabaki kulekule. Sasa akija kumwona mtoto anamchukua Ijumaa, anatakiwa amrudishe Jumapili, anakuja kumrudisha Jumatano, shule imeshampita. Polisi nikiwaonyesha karatasi ya Ohio wananiambia mama nenda kortini.

Ndo nikaingia kwenye hiyo huduma ya kujaza fomu, jina silitaji. Wakauliza una muda gani Texas, nikasema mwaka na nusu, wakasema basi ukishapita miezi 6 kesi ni ya Texas, fungua mpya. Na kweli huku ukimuuliza yeyote, kanisani, msibani, atakuambia hivyohivyo, miezi sita. Nikalipa. Siku ya kesi wakili wa babake akasimama akasema korti hii haina mamlaka, jaji akasoma makaratasi, akaifuta. Nililia kwenye gari kama nimefiwa. Kuwapigia wanirudishie hela yangu, eti wao wanajaza fomu tu, ushauri wa sheria hawatoi.

Kliniki nilielekezwa na karani wa korti. Yule dada wakili alisoma oda yangu yote ukurasa kwa ukurasa ndo akafungua mdomo. Akasema miezi 6 ni ya oda ya KWANZA: mtoto alikokaa miezi 6 mfululizo kabla kesi haijafunguliwa ndo jimbo lake la nyumbani. Oda ikishatoka, korti iliyoitoa inabaki nayo hata ukae Texas miaka kumi, alimradi mzazi mmoja bado anaishi kule, labda wenyewe Ohio waamue kuiachia na majaji wa pande mbili wanaweza kuongea kwa simu juu ya hilo. Sheria inaitwa UCCJEA, ya 1997, karibu majimbo yote wanayo, na juu yake kuna ya serikali kuu ya 1980. Zilitungwa kwa sababu zamani mzazi akishindwa jimbo hili anambeba mtoto anakimbilia lingine kutafuta jaji mwingine, na mtoto ndo anaumia.

Lakini kubadilisha oda na kuitekeleza ni vitu viwili! Kubadilisha ni Ohio, kutekeleza Texas wanalazimika. Unaisajili tu: barua ya maombi, nakala mbili za oda, moja iwe na muhuri wa karani wa kule ilikotoka, na kiapo kwamba unavyojua haijabadilishwa. Mwenzako anapelekewa notisi, ana siku 20 za kupinga, na hawezi kupinga eti haipendi, ni mpaka aonyeshe kwamba korti ile haikuwa na mamlaka, au oda imeshafutwa au kubadilishwa, au hakupewa taarifa ya kesi. Nilimuuliza na je mtoto akiwa hatarini, akasema hapo Texas wanaweza kutoa oda ya dharura ya muda.

Babake hakupinga, siku 20 zikaisha, oda ikathibitishwa. Mara ya mwisho mtoto karudi Jumapili saa kumi na mbili jioni.

Kasoro ya kliniki ni foleni, nilifika saa mbili asubuhi nikaonwa saa saba, na wakijaa wanakurudisha nyumbani. Agiza kwanza ile nakala ya muhuri kabla hujaenda, yangu ilichukua wiki mbili kufika kwa posta, na uandike pembeni anwani zote mtoto alizokaa miaka 5 iliyopita maana fomu inaziuliza na ukiwa umekaa pale kwenye benchi huzikumbuki.