Uzoefu wangu na L'Arroseur arrosé: ukinunua, hakikisha mguu unaonekana

Filamu hii bubu ya Louis Lumière, mmoja wa ndugu wawili Wafaransa walioanzisha sinema, ni ya mwaka 1895 na haifiki hata dakika moja. Mzee mmoja, mtunza bustani, anamwagilia kwa mpira wa maji. Kijana ananyata nyuma yake, anaukanyaga mpira, maji yanakatika. Mzee anageuza mdomo wa mpira auchungulie; kijana anainua mguu, maji yanamlipukia mzee usoni na kofia inaruka. Basi, hapo kicheko kinageuka kilio: mzee anamfukuza, anamkamata, anamchapa matakoni.

Nakala yangu ya kwanza ilikuwa kwenye diski ya filamu bubu niliyonunua kwa muuzaji mmoja. Iliniudhi kweli. Picha wameikata juu na chini ili ijaze skrini pana, na mguu wa kijana umekwenda na kipande cha chini. Maji yanakatika na hujui kwa nini. Mwanangu wa miaka saba akaniuliza, "Baba, mpira umeziba?" Tena wameiendesha mbio mno, na juu yake wamebandika muziki wa makelele.

Baadaye nilipata nakala iliyosafishwa, yenye umbo lake la asili, linalokaribia mraba. Hapo kila kitu kimo: mpira chini, kiatu juu yake, na mzee kageuza mgongo. Mwanangu alisimama akapiga kelele, "Babu, usichungulie!" Nilifurahi mno. Mzaha wote umejengwa hapo, sisi tunaona asichokiona mzee.

Kamera haisogei hata kidogo. Kwa hiyo mzee akishamkamata kijana kule nyuma, anamburuta hadi mbele yetu ndipo amchape. Napenda sana kipande hicho. Na mzee mwenyewe ni François Clerc, aliyekuwa mtunza bustani wa akina Lumière kwelikweli. Tazama alivyoushika ule mpira.

Filamu hii ilikuwa miongoni mwa filamu 10 za akina Lumière zilizoonyeshwa kwenye mkahawa wa Grand Café, Paris, tarehe 28 Desemba 1895, kwa kiingilio cha faranga 1. Nyingine zilikuwa kama wafanyakazi wakitoka kiwandani, au mtoto akilishwa. Katikati ya hizo, fikiria mtu anakuja na kisa chenye mwanzo, mtego na kipigo!

Ukiikuta inauzwa, mwambie muuzaji akuwekee kwanza uione. Maji yakikatika na mguu huuoni, mrudishie diski yake.