Rimu za gari Arusha na Moshi: ipi ununue, na kwa nini uanze na tundu la katikati

Meseji ninazopata kuhusu rimu zinafanana kiasi kwamba nimeshajua mwisho wake kabla sijamaliza kusoma. Mtu kanunua spoti rimu, kafunga, gari imependeza kweli, alafu siku anashuka Moshi, akishaiacha Usa River na spidi ikafika 80 usukani unaanza kutetemeka. Anarudi kwa fundi wanapiga balansi. Bado unatetemeka. Wanapiga tena. Wanamwambia tairi ndo mbovu, ananunua tairi, wanamwambia alaimenti analipa alaimenti, wanahamia kwenye bushi, shokapu, beringi, yani gari ya watu inavuliwa karibu yote ila rimu haiguswi kwa sababu rimu ni nzuri na "imekubali", yani nati zimeingia. Hilo neno imekubali limewala watu hela sana hapa mjini.

Kwa hiyo leo naandika mwongozo wa kununua rimu, lakini sitapoteza muda kwenye vitu ambavyo kila muuzaji atakwambia. Saizi imeandikwa kwenye tairi yako, R14 ni 14, R15 ni 15. Idadi ya nati unahesabu. PCD, yani upana wa duara la matundu ya nati, wauzaji wengi wanaijua kichwani: Vitz, IST za toleo la kwanza, Passo, Probox, Honda Fit na Demio ni 4x100, Allion na Premio na Impreza za zamani ni 5x100, RAV4, Harrier, Noah, X-Trail na CR-V ni 5x114.3, Prado na Hilux za 4WD ni 6x139.7. Ofseti, yani rimu inakaa ndani au nje kiasi gani, nayo imechapwa kwenye rimu, ET45 au ET38, namba ikishuka sana kuliko ya kwako tairi linatoka nje, linakwaruza fenda na beringi inaumia, basi, tafuta inayokaribiana na ya zamani. Rangi chagua mwenyewe.

Kitu ambacho hakuna anayekipima ni tundu la katikati.

Geuza rimu uiangalie kwa nyuma. Kuna tundu kubwa la duara katikati, na kwenye gari kuna habu, kile chuma rimu inapofungwa, yenye kichwa cha duara kinachochomoza. Kile kichwa kinatakiwa kiingie kwenye lile tundu kwa kubana, bila kuacha nafasi, ndo kinachoikalisha rimu katikati kabisa ya ekseli. Nati kazi yake ni kuibana rimu isitoke. Sasa kila kampuni ina kipimo chake. Toyota ndogo karibu zote za nati nne, na Allion na Premio pia, ni milimita 54.1. Toyota za 5x114.3 kama RAV4 na Harrier ni 60.1. Honda Fit 56.1, CR-V 64.1. Subaru 56.1. Nissan X-Trail 66.1. Mitsubishi na Mazda za nati tano ni 67.1. Prado nyingi ni 106. Angalia hapo, RAV4, CR-V, X-Trail na Outlander zote ni 5x114.3, muuzaji anakwambia dada hizi zinaingiliana zote, na kweli nati zitaingia zote, lakini ukichukua rimu ya Outlander ukaifunga kwenye RAV4 kuna nafasi ya milimita 7 pale katikati na rimu inaning'inia kwenye nati tu.

Na spoti rimu zinazotengenezwa kuuzwa madukani, ambazo hazikutoka na gari kiwandani, zinakuja na tundu kubwa makusudi, mara nyingi 73.1 au 67.1, ili ziingie kwenye gari nyingi. Sio kosa la kiwanda. Kiwanda kinategemea utaweka ringi ya kujazia, ringi nyembamba ambayo nje ni 73.1 na ndani ni 54.1, basi rimu inakaa kwenye IST kama iliyozaliwa nayo. Japani ile ringi ilikuwepo. Ila rimu inapovuliwa kule, inapakiwa kwenye kontena, inashushwa Dar, inapandishwa huku, ringi inapotea njiani au inabaki kwenye gari la kwanza, na hapa anayeuza hajui hata kama kulikuwa na kitu. Unafunga tundu la 73.1 kwenye habu ya 54.1, pengo la milimita 19, alafu unashangaa usukani.

Naomba hapa unisikilize vizuri maana ndo pale watu wanapoibiwa bila hata mwizi kujua anaiba. Mashine ya balansi inaishika rimu kwa kupitia lile tundu la katikati. Inaweka koni pale, koni inaikalisha rimu sawasawa, inaizungusha, inasoma sifuri sifuri. Fundi hajakudanganya, tairi kweli lina balansi. Lakini kwenye gari hakuna koni, rimu imekaa pembeni kidogo, na hicho kidogo ukikizungusha kwenye spidi 90 kinakuwa mtetemo. Ndo maana utapiga balansi hata mara kumi na haitaisha. Mjini hutaiona, kati ya Kilombero na Sanawari unatembea spidi ya foleni. Unaiona barabara kuu, na mbaya zaidi kuna wengine wanaizoea, wanasema gari yangu ndo ilivyo.

Kuna mafundi wataniambia nati zenye koni zinaikalisha rimu zenyewe katikati. Sawa, zinaweza, kama gari imeinuliwa kwenye jeki, nati zote zikakazwa kwa mkono kwanza kwa kuvuka, moja huku nyingine upande wa pili, alafu ndo ishushwe ikazwe kabisa. Nani anafanya hivo? Wanashusha gari chini nati zikiwa zimeshikwa nusu, wanapiga mashine ya upepo nati ya kwanza mpaka inalia, rimu imeshavutwa upande mmoja, hizo zilizobaki zinakuja kuthibitisha makosa tu. Alafu sio kila nati ina koni. Rimu nyingi za aloi orijino za Toyota zinatumia nati yenye washa bapa, na nati bapa haikalishi chochote katikati, hiyo kazi ameachiwa habu. Honda orijino nati yake ina kichwa cha duara kama gololi. Ukinunua rimu uliza nati zake, usirudishie za zamani. Na uzi wa nati nao hauko sawa, Toyota, Honda, Mazda na Mitsubishi ni 12x1.5, Nissan, Subaru na Suzuki ni 12x1.25, ukilazimisha unaharibu stadi, yani bolti ambayo nati inafungwa.

Kinyume chake nacho kipo, na hiki kinanikasirisha zaidi. Tundu likiwa dogo kuliko habu rimu haiingii. Mwenye Impreza anapewa rimu za Premio, zote 5x100, nati zinalingana, lakini tundu la 54.1 haliwezi kuingia kwenye habu ya 56.1. Badala ya muuzaji kusema hii sio yako, anaita kijana na grainda. Wanakwangua tundu kwa mkono, pale dukani, mbele ya mwenye gari, cheche zinaruka. Milimita mbili kwa grainda na kwa macho! Tundu linatoka na umbo la yai, rimu nzima ya Toyota imeharibiwa, haitarudi kwenye Toyota na kwenye Subaru haijakaa. Ukiona grainda inawashwa ondoka. Kama ni lazima, hiyo ni kazi ya fundi wa kuchonga vyuma mwenye mashine ya kuzungusha, na hata huyo mimi ningemkwepa.

Sasa kipi ununue.

Namba moja kwangu ni Enkei, na sifichi kwamba naipenda. Ni Wajapani wa Hamamatsu, wapo tangu 1950, na sababu yangu kubwa sio jina. Enkei wanatengeneza rimu za dukani na pia wanatengenezea viwanda vya magari vyenyewe, kwa hiyo kuna rimu zinaitwa orijino Toyota au orijino Subaru ambazo ukigeuza uangalie nyuma ya mkono wa rimu (ule unaotoka katikati kwenda ukingoni) unakuta imechapwa ENKEI. Hiyo ukiipata ya gari yako ichukue siku hiyo hiyo, tundu limetoka kiwandani na kipimo chako, haihitaji ringi. Zile za dukani wana njia yao ya kumimina alafu kuukandamiza ukingo kwa roli wakati unazunguka, ukingo unakuwa mwembamba lakini mgumu, na kwa barabara zetu zenye mawe mimi nataka ukingo mgumu. McLaren kwenye Formula 1 walikuwa wanatumia rimu zao miaka ya 1990 huko. Tundu lake la dukani ni kubwa, ndiyo, hizo za dukani ni lazima uzitafutie ringi, lakini ukishaiweka hutasikia mtetemo tena. Mtumba wa Enkei uliochubuka kidogo naupenda kuliko rimu mpya inayong'aa isiyo na jina.

Namba mbili ni orijino ya gari lile lile, awe ameitengeneza nani. Allion kwa Allion, RAV4 kwa RAV4. Wengi wanazidharau eti ni za kizee. Hazina ringi ya kutafuta, ofseti sahihi, nati zinajulikana. Mwenye gari ya familia ambaye anataka tu kwenda Rombo Krismasi na kurudi salama aanzie hapa.

Namba tatu weka Weds, Rays, Work, SSR, hao wote ni Wajapani wazuri. Shida yao ni kuigwa. TE37 ya Rays imetoka 1996 na mpaka leo ndo rimu inayofekiwa kuliko nyingi, mikono sita, kila duka inayo, na karibu zote ni za kumimina wakati ya kweli ni ya aloi iliyofuliwa. Angalia alama ya JWL na VIA kwenye mkono au ndani ya rimu, JWL ni kiwango cha Japani cha rimu za aloi na VIA ni kwamba imepimwa. Alama peke yake haitoshi kwa sababu wanaofeki nao wanaichapa, ila rimu isiyo nayo kabisa na mtu anakwambia imetoka Japani, hapo maongezi yameisha.

Rimu za chuma zenye kepu za plastiki: nafuu, zikipinda zinanyooshwa, poa. Rimu mpya zinazong'aa zisizo na jina: hapana.

Ringi utaziagizaje? Agiza kwa namba mbili, nje na ndani, mfano 73.1 kwa 54.1, usiseme ringi za IST. Kuna za plastiki na za alumini. Mimi nachukua alumini kwa sababu breki zikipata moto kwenye mteremko mrefu, mfano unashuka ukingo wa bonde kuja Mto wa Mbu, siamini plastiki. Paka grisi kidogo sana kwenye habu isije ikashikana na kutu. Ukikosa kabisa, fundi wa kuchonga vyuma anakuchongea nne za alumini, mpelekee rimu yenyewe na gari yenyewe apime vyote viwili kwa venia, kile kifaa cha kupimia mpaka sehemu ya milimita, rula haioni tofauti ya 54 na 56. Na tundu lipimwe kwa nyuma, mbele pale pa kepu ni kipimo kingine.

Kukaza nako usimwachie mtu na mashine yake. Toyota ndogo nyingi ni 103 Nm, hicho ni kipimo cha nguvu ya kukaza, kuna spana inayoipima, gereji nzuri wanayo, na ukishatembea kilomita 50 mpaka 100 kaza tena rimu zikiwa zimepoa. Arusha mpaka Moshi inatosha.

La bei sasa jamani. Rimu zile zile, duka lile lile, ukienda na Vitz ni bei nyingine na ukienda na Harrier ni bei nyingine, mwanamke ukienda peke yako ndo kabisa, unaitwa madam alafu unapigwa. Wanakuwekea na tairi lililoisha ndani ya rimu ili waseme umepata seti kamili, tairi limekauka mpaka limepasuka pembeni, na hawakubali kulivua. Kwa nini hawataki livuliwe? Kwa sababu chini ya tairi ndo kuna ukingo uliochomelewa. Ukiuliza bei imepandaje unaambiwa dola, mara usafiri kutoka Dar, dola ikishuka bei haijawahi kushuka. Na juu ya risiti pameandikwa mali ikiuzwa hairudishwi, na hata risiti yenyewe ni ya kuomba. Chalii wa dukani anajua PCD ya gari zote za Arusha lakini ukimuuliza tundu ni ngapi anakuangalia kama umemtukana. Mtu anayeuza kitu kinachobeba familia nzima barabarani ashindwe kuwa na venia dukani, wakati venia haifiki hata bei ya rimu moja?

Kwa hiyo fanya hivi, peleka venia yako au mpeleke fundi unayemwamini, tairi livuliwe, na kwenye risiti muuzaji aandike kwa mkono wake PCD, ofseti, tundu la katikati, na kwamba isipokaa kwenye habu anarudisha hela. Akikataa kuandika nenda duka linalofuata, na kama Arusha zote zimekataa panda gari ujaribu kwa mangi wa Moshi.